Jicho Moja la Fundi Kabiru

Ukitaka kumpata Bedan Kabiru, nenda Kariobangi Light, kule mafundi wa bati wanakogonga tangu asubuhi mpaka jioni. Usiulize jina lake. Uliza tu, "Yule wa masanduku ya maua yuko wapi?" Utaonyeshwa.

Kabiru hupaka rangi masanduku ya bati, yale ya kwenda nayo shule ya bweni. Wengine huyakunja na kuyachomelea. Yeye huandika jina la mwanafunzi, kisha huchora ua kubwa juu ya kifuniko. Na maua yake, jamani! Mtu anayepita zake kununua sufuria, akiyaona husimama na kusahau sufuria.

Mwezi wa Desemba mafundi hawapumziki. Siku moja alikuja mama mmoja kuchukua sanduku la mtoto wake. Alilitazama. Akalizunguka. Akashika kiuno.

"Fundi, hii ni nini?"

"Ni ua, mama. La buluu, vile ulisema."

"Buluu? Hili ua ni jeusi tititi! Mtoto wangu anaenda shule ama anaenda matanga?"

Mafundi walicheka. Kabiru hakucheka. Aliinama akausogeza uso mpaka pua yake ikagusa bati. Ua lilikuwa jeusi? Lilikuwa la buluu? Kusema kweli, hakujua.

Rafiki yake wa miaka mingi, Caleb Owuor, aliweka chini mashine yake ya kuchomelea, akaja mbio.

"Mama, usijali, tunakubadilishia saa hii," akasema. Kisha akamnong'oneza Kabiru, "Buda, umechukua mkebe wa rangi nyeusi. Buluu hukaa upande huu."

Jicho la kushoto la Kabiru lilikufa zamani, akiwa kijana. Alikuwa anakata chuma bila miwani ya kazi. Kibanzi kikaruka, kikaingia jichoni. Tangu siku ile, maua yake yote ameyachora kwa jicho la kulia peke yake. Na sasa jicho hilo la kulia lilikuwa limeingia ukungu. Kila mwezi ukungu ulizidi, na yeye hakumwambia mtu.

Lakini nyumbani utamficha nani? Jioni ile, katika nyumba yao ya ghorofa ya tatu huko Kariobangi South, Kabiru alishika birika ili ajimiminie chai. Chai ikamwagika mezani.

"Baba Kui," mkewe Jecinta alisema, akimwita kwa jina la mtoto wao wa kwanza. "Kikombe kiko huku."

"Nimekiona."

"Umekiona, na chai inanichoma miguu?"

Binti yao Warigia alianza kucheka, kisha akanyamaza. Yeye ndiye kitinda mimba. Januari angeingia gredi ya kumi, katika shule ya bweni. Dada na kaka zake wote walikwenda shule na masanduku yaliyochorwa na baba. Sasa ilikuwa zamu yake, na alikuwa amekwisha kuchagua: ua jekundu, majani ya kijani, na jina lake kwa rangi ya buluu. Alimtazama baba yake akipapasa meza kutafuta kikombe, akaingiwa na hofu.

"Ni vumbi tu," Kabiru alisema. "Vumbi na moshi wa Owuor. Itaisha."

Jecinta hakubishana naye. Alishuka ghorofa moja, akapanda tena na Jacklyne Aluoch. Jacklyne ni mhudumu wa afya ya jamii. Huenda nyumba kwa nyumba akipima watu presha na kuwauliza habari za chanjo za watoto. Alimwambia Kabiru aketi, akammulika jichoni kwa tochi ndogo.

"Baba Kui, hii si vumbi. Katikati ya mboni kuna weupe. Nadhani una mtoto wa jicho. Daktari wa macho ndiye atahakikisha."

"Mtoto wa jicho ni nini hasa?" Warigia aliuliza.

"Ndani ya jicho mna lenzi," Jacklyne alieleza. "Ni kama kioo kidogo safi. Mwanga hupitia hapo, ndipo tunaona. Mtu akizeeka, lenzi hiyo inaweza kuingia ukungu. Sukari ikiwa nyingi mwilini, ukungu huja mapema. Hata jicho likiumia. Baba Kui, si wewe una ugonjwa wa sukari?"

"Kidogo," Kabiru alijibu.

"Hakuna sukari ya kidogo, Baba Kui."

"Sawa basi. Nipe dawa ya matone."

"Hakuna matone yanayouondoa. Wala miti shamba, wala asali. Ukungu uko ndani. Ukifuta dirisha kwa nje na uchafu uko ndani, litatakata?"

"Basi nitangoja uive. Nimesikia lazima ukomae, mtu asione kabisa, ndipo utolewe."

"Hayo ni ya zamani. Siku hizi haungojwi. Ukikomaa sana lenzi huwa ngumu, na kuitoa huwa kazi zaidi. Inatolewa kwa upasuaji mdogo, unawekewa lenzi nyingine mpya."

Kabiru akasema kwa sauti ya chini.

"Jacklyne, watu wana macho mawili. Moja likiharibika, lingine linabaki. Mimi wakiniharibia hili…"

Hakumaliza. Jecinta alimshika mkono. Jacklyne alizima tochi, akamjibu.

"Sitakudanganya. Hakuna upasuaji usio na hatari hata kidogo. Lakini wengi sana wanaofanyiwa huu huona vizuri. Na daktari akijua una jicho moja tu, atakuwa mwangalifu zaidi. Ukikaa hivi, giza linakuja, Baba Kui. Linakuja polepole, lakini linakuja."

"Nitaenda na wewe," Jecinta alimwambia mumewe. "Kesho asubuhi."

Kwenye kliniki ya macho, hospitalini, Kabiru alipokelewa na muuguzi aitwaye Batulo. Kabiru alimwona kwa ukungu tu: umbo refu na mtandio wa kijivu kichwani. Daktari alimpima, akasema vilevile alivyosema Jacklyne. Ni mtoto wa jicho.

Sista Batulo alimketisha mbele ya mashine. "Tunalipima jicho ili tujue lenzi yako mpya itakuwa ya nguvu gani," alisema. "Ni ndogo, baba. Haifiki hata punje ya hindi. Daktari ataiweka ndani, na itakaa humo maisha yako yote."

Kabiru alishangaa sana. Amefanya kazi ya mikono tangu ujana. Anajua ugumu wa kunyoosha mstari juu ya bati pana. Na hawa watu wanafungua jicho la mtu hai, wanatoa kioo, wanaweka kioo!

"Kitu kisichofika punje ya hindi ndicho kitanionyesha dunia?" aliuliza.

"Hicho hicho," Batulo alicheka. "Lakini na wewe una kazi yako."

Kazi yenyewe alimweleza taratibu, na Jecinta akisikiliza kwa makini. Sukari ya Kabiru ilikuwa juu. Lazima ishuke kwanza, maana ikiwa juu kidonda hakiponi upesi, na viini vya ugonjwa hupata nafasi. Anywe dawa zake kila siku, aache chai ya vijiko vitatu vya sukari. Dawa zote anazotumia azitaje kwa daktari, hata za presha, na asiache hata moja bila kuambiwa. Wataongea pia naye kuhusu kula asubuhi ya siku hiyo.

"Nitalala usingizi?" Kabiru aliuliza.

"Hapana. Jicho litatiwa ganzi. Utakuwa macho, lakini hutasikia uchungu. Utalala chali, kitambaa kikiwa usoni, bila kutikisa kichwa. Ukiwa na kikohozi au mafua siku hiyo, tuambie mapema. Kukohoa daktari akiwa ndani ya jicho si mchezo."

"Na nyumbani?"

"Oga vizuri siku moja kabla, uoshe na nywele. Asubuhi nawa uso kwa sabuni na usijipake mafuta usoni. Vaa nguo safi. Njoo na mtu wa kukurudisha nyumbani. Na sikiliza hili, baba. Usitie kitu chochote jichoni isipokuwa dawa tuliyokupa sisi. Chochote."

Kabiru aliitikia kwa kichwa. Ee, aliitikia vizuri sana. Laiti kuitikia kungetosha.

Siku zilizofuata nyumba nzima ilijiandaa. Jecinta alificha kopo la sukari, na Kabiru akanywa chai isiyo na sukari huku amekunja uso. Jioni alilala chali juu ya kochi, leso ya Jecinta ikiwa usoni mwake, akafanya mazoezi ya kutotikisika. Warigia alisimama kando kama askari.

"Baba, umetikisa mguu."

"Mguu si kichwa."

"Sista alisema utulie. Tulia."

Alitulia. Alitulia vizuri kabisa, mpaka harufu ikamfikia kutoka jikoni. "Mama Kui, chapati inaungua!" alipiga kelele, akaketi wima, na leso ikaanguka. Walicheka wote watatu. Ilikuwa mara ya kwanza kucheka hivyo tangu siku ya chai kumwagika.

Upasuaji ulikuwa ufanyike kabla ya Krismasi. Siku moja kabla ya upasuaji huo Kabiru alikwenda Light, eti kuwaaga wenzake tu. Mtu kesho anapasuliwa jicho, leo anaenda kwenye vumbi na moto! Lakini ndivyo alivyofanya. Owuor alikuwa anachomelea mlango wa chuma. Kabiru aligeuka vibaya, mwanga ule mkali ukampiga. Baada ya muda jicho likaanza kumwasha kama limeingia mchanga.

Sasa, wachomeleaji wa pale wana dawa yao. Mwanga ukikupiga, unatiwa matone ya maziwa jichoni, kisha unalala umefunikwa vipande vya kiazi kibichi. Kila fundi mpya hufundishwa hivyo. Kweli, wengi huamka na nafuu, kwa sababu macho yenyewe huwa yamepona. Lakini sifa zote huchukuliwa na kiazi.

"Kesho utaenda hivyo, jicho likiwa jekundu?" Owuor alisema. "Watakurudisha. Kaa hapa nikusaidie."

"Sista alisema nisitie kitu."

"Buda, hiyo ni kwa watu wa ofisi. Sisi macho yetu yamezoea moto. Tangu tuanze kazi hapa, ni nani amepofuka kwa maziwa?"

Owuor alisema hivyo kwa mapenzi. Hakuna mtu aliyemtakia Kabiru mema kuliko yeye. Alikwenda kibandani akanunua maziwa, akakata kiazi kwa kisu alichokifuta kwenye suruali. Kabiru akainua uso juu, akatiwa maziwa katika jicho lake la pekee.

Asubuhi kope zilikuwa zimeshikana kwa tongo. Jicho lilikuwa jekundu, limevimba. Jecinta alilikosha kwa maji safi, akilia kimya kimya. Walipofika hospitalini, Sista Batulo alitazama mara moja tu.

"Baba, umetia nini jichoni?"

"Maji," Kabiru alisema.

Batulo alingoja. Jecinta naye alingoja.

"Maziwa," Kabiru alisema. "Na kiazi."

Batulo hakumfokea. Alivuta kiti akaketi mbele yake.

"Maziwa ni chakula, baba. Ni chakula chetu, na ni chakula cha viini pia. Kiazi kimetoka ardhini, na kisu sijui kimetoka wapi. Sasa viini viko hapa nje ya jicho. Daktari akifungua leo, vitaingia ndani. Vikiingia ndani vinaweza kuliharibu jicho upesi sana, hata mtu asione tena. Na wewe huna lingine."

Kabiru alikuwa ameogopa kisu cha daktari siku zote hizo. Kumbe hatari aliibeba mwenyewe kutoka kazini, ndani ya pakiti ya maziwa.

Upasuaji uliahirishwa. Alipewa dawa ya matone, na Batulo akamwonyesha Jecinta jinsi ya kuitia: anawe mikono kwanza kwa sabuni, avute kope ya chini, adondoshe tone, na mdomo wa chupa usiguse jicho. Tarehe mpya ikawekwa baada ya mwaka mpya, siku chache tu kabla ya Warigia kwenda shule.

Njiani Kabiru alisema, "Pengine Mungu amekataa. Tuache tu."

Jecinta alisimama pale pale barabarani.

"Mungu hakutia kiazi jichoni, Baba Kui. Ni Owuor. Tarehe ikifika, tutarudi."

Owuor mwenyewe alikuja jioni. Hakuingia. Alisimama mlangoni, kofia mkononi.

"Kabiru, nimesikia," alisema. "Ningekupofusha. Mimi, kwa mikono yangu."

"Ingia unywe chai, Owuor."

"Siwezi kuingia."

"Chai haina sukari. Hiyo ndiyo adhabu yako. Ingia."

Owuor aliingia akanywa, na machozi yakamdondoka ndani ya kikombe. Kuanzia siku hiyo hakumruhusu Kabiru kukanyaga Light. Akimwona tu kwa mbali, anapiga kelele, "Rudi nyumbani!"

Tarehe ikafika. Wekundu wa jicho ulikuwa umeisha na sukari imeshuka. Kabiru alikuwa ameoga, ameosha nywele, uso hauna hata tone la mafuta. Walimlaza chali chini ya taa kubwa. Kitambaa kikawekwa usoni, kikiwa na tundu palipo na jicho. Ganzi ikatiwa. Alisikia mkono wa Batulo ukishika mkono wake.

"Ukitaka kukohoa, finya mkono wangu kwanza," alisema.

Kabiru alingoja uchungu. Uchungu haukuja. Aliona mwanga tu, na mwanga ukaanza kusogea. Ukawa waridi. Ukawa zambarau. Ikaja buluu ikizunguka kama rangi inayokorogwa mkebeni, ikafuatwa na dhahabu. Hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba mtu anaweza kuona rangi wakati wa upasuaji. Fundi mzima wa rangi, maisha yake yote kwenye mikebe, hajawahi kukoroga kitu kama kile. Alitamani kupiga kelele, "Mnaona haya?" Lakini alitulia, hakutikisa kichwa, wala mguu.

"Tumemaliza," daktari alisema.

"Mmemaliza? Mimi nilidhani mnaanza!"

Walilifunika jicho. Jioni ile Kabiru hakuona kitu chochote. Jecinta alimshika mkono kumpeleka msalani, akamlisha ugali kwa mkono wake. Kabiru alitafuna polepole. Hili ndilo giza ambalo Jacklyne alisema linakuja. Alilionja kwa jioni moja, na aliogopa sana.

Kesho yake walirudi hospitalini. Batulo alibandua kifuniko.

"Fungua polepole, baba."

Kabiru alifungua. Kitu cha kwanza alichoona ni buluu. Buluu safi, ya mbingu baada ya mvua. Ilikuwa mtandio wa Batulo.

"Sista, mbona leo umebadilisha mtandio?"

"Sijabadilisha. Hii ni sare yetu. Ni ule ule."

"Ule ulikuwa wa kijivu!"

"Haujawahi kuwa wa kijivu, baba."

Kabiru alitazama dirishani. Nje kulikuwa na mti, na mti ulikuwa na majani, na kila jani lilikuwa peke yake. Ukutani ng'ambo ya barabara kulikuwa na maandishi, akayasoma, hata yale madogo ya chini. Alitazama mikono yake, akaona rangi nyekundu iliyokauka chini ya ukucha tangu mwaka jana. Mungu wangu! Vitu hivi vyote vilikuwa hapa wakati wote?

Kisha akageuka. Jecinta alikuwa amesimama karibu na mlango, akibana mkoba wake kwa mikono miwili. Kabiru aliona mvi. Si mvi moja. Kichwa kizima kilikuwa kimeanza kuwa cheupe, na mistari myembamba ilikuwa imezunguka macho yake.

"Mama Kui," alisema. "Umezeeka lini?"

"Wewe ukiwa hapo hapo," Jecinta alijibu, akicheka na kulia.

"Umependeza. Aki ya Mungu, umependeza."

Batulo aliwaacha kidogo, kisha akarudi na maagizo. Matone yatiwe kama yalivyoandikwa, mikono ikiwa safi. Jicho lisisuguliwe. Maji na sabuni yasiingie. Kifuniko kivaliwe wakati wa kulala. Asiiname sana, asibebe mizigo. Likianza kuuma, au kuwa jekundu, au kuona kukipungua, aje siku hiyo hiyo, asingoje tarehe.

"Na kazi?" Kabiru aliuliza. "Binti yangu anaenda shule wiki ijayo. Lazima nimchoree sanduku."

"Vumbi, kuinama, mvuke wa rangi na tapentaini? Hapana, baba. Ngoja wiki kadhaa, mpaka daktari akuruhusu."

Hapo ndipo ilipomwuma. Sasa anaona kila kitu, na bado hawezi kumchorea kitinda mimba wake ua moja. Alipofika nyumbani alisimama mbele ya sanduku tupu, mikono ikimwasha. Brashi iko. Rangi iko. Nani atajua? Warigia ndiye aliyelibeba sanduku akalitoa nyumbani.

"Mimi nataka baba anayeona," alisema. "Ua nitapata siku nyingine."

Owuor aliposikia alisema atalichora yeye. Alilipeleka uani, chini ya ghorofa, mbali na nyumba. Kabiru aliketi juu kwenye roshani ya ghorofa ya tatu, amevaa miwani ya jua, akamwongoza kwa sauti. Majirani walitoka kutazama. Jacklyne alikuwa kwenye roshani yake ya chini.

"Kushoto kidogo, Owuor! Hapana, kushoto kwako!"

"Nimekusikia!"

"Hilo ni ua ama ni kabeji?"

Uani watu walivunjika mbavu. Kabiru pia alicheka, huku akishangaa. Yuko ghorofa ya tatu, na anaona unywele wa brashi! Anaona petali ya kulia ni kubwa kuliko ya kushoto. Anaona Owuor akiinama, akiinama zaidi, mpaka pua yake ikagusa bati.

Kabiru akaacha kucheka.

Owuor alipapasa mikebe kando yake, akachukua mmoja, akachovya, akaanza kupaka petali ya mwisho.

"Owuor!" Kabiru aliita. "Hiyo ni rangi gani?"

"Nyekundu. Si ulisema nyekundu?"

Petali ilikuwa nyeusi tititi. Owuor alibaki ameshika brashi, akitazama juu kuelekea sauti ya rafiki yake.

"Weka brashi chini," Kabiru alisema kwa upole. "Panda huku. Jacklyne, lete ile tochi yako."

Owuor alipofika alikuwa amekwisha kuanza kujitetea. "Ni vumbi tu. Na huu moshi wa kazi. Itaisha."

"Hata mimi nilisema hivyo hivyo," Kabiru alimwambia. "Keti."

Jacklyne alimulika. Safari hii hakuhitaji kumweleza Kabiru chochote. Aliuona mwenyewe, kwa jicho lake jipya: weupe ule katikati ya mboni, katika macho yote mawili ya rafiki yake.

Warigia alikwenda shule na sanduku lake, ua likiwa na petali nne nyekundu na moja nyeusi. Alipokuja likizo fupi, Kabiru alikuwa amekwisha kuruhusiwa kushika brashi. Alitaka kulipaka upya. Warigia alikataa katakata. Alisema shule nzima hakuna sanduku kama lake.

Owuor naye alijiandaa. Alipima presha, akataja dawa zake, akaoga, akaosha nywele. Siku moja kabla ya upasuaji Kabiru alikaa naye nyumbani kwake siku nzima kama mlinzi. Alipoona pakiti ya maziwa mezani, aliifungua akainywa yote, akaifuta midomo yake, wala hakuomba ruhusa.

Kesho yake baada ya upasuaji, Sista Batulo alibandua kifuniko cha Owuor. Kabiru alikuwa amesimama mbele yake, simu mkononi, picha ya sanduku la Warigia ikiwa imefunguliwa.

Owuor alipepesa. Akaitazama picha.

"Nani amechora hii takataka?"

Kabiru alicheka mpaka akaegemea ukuta. Owuor alielewa, akaanza kucheka pia, na Batulo akawaambia wapunguze kelele, kuna wagonjwa wengine. Kisha Owuor akageuza kichwa kuelekea dirishani, kwenye ule mti wenye majani. Kicheko kikamwishia kinywani. Alisimama pale, midomo wazi. Batulo alitaka kuanza kumpa maagizo, lakini Kabiru alimgusa mkono.

"Mwache kidogo, Sista," alisema. "Anaangalia."